Sauti Arobaini na Nne za Fidla

Fidla haina mapafu. Masikio alilijua hilo kama alivyojua jina la mama yake, kwa hiyo aliposikiliza kitufe cha saba kwa mara ya nne, na kwa mara ya nne akasikia mtu akivuta pumzi kabla ya uzi kulia, hakuogopa. Alikasirika. Alidhani ni pumzi yake mwenyewe iliyoingia kwenye maikrofoni, na kazi ya siku mbili imeharibika.

Masikio halikuwa jina alilopewa na wazazi wake. Mtaa ndio uliompachika, kwa sababu angeweza kukaa sebuleni kwake akakwambia bomba la nyumba ya tatu linavuja. Masikio hayo ndiyo yaliyomlisha. Alikuwa akichukua ala halisi, filimbi, tarumbeta, gitaa, ngoma, akairekodi sauti moja moja, akaisafisha kwenye kompyuta, kisha akazipanga sauti hizo kwenye vitufe vya kinanda cha umeme. Mpiga kinanda wa harusini akibonyeza, tarumbeta linalia ukumbi mzima, na mwenye tarumbeta yuko kwake amelala.

Fidla hii aliletewa na mjane wa mwalimu wa muziki aliyefariki miezi mitatu nyuma. Mama huyo aliishia mlangoni, akakataa hata maji ya kunywa. Alisema tu, "Zitoe sauti zote, mwanangu. Usibakishe hata moja humo ndani." Masikio akayachukulia kuwa maneno ya mfiwa. Kupiga wimbo kwenye fidla hakujua, lakini kuburuta upinde juu ya uzi, sauti moja moja, alijua vizuri. Akapata sauti arobaini na nne, kila moja faili lake.

Sasa akafunga dirisha, akabana pumzi mpaka kifua kikamuuma, akairekodi upya ile ya saba. Akaisikiliza. Pumzi ilikuwepo.

Akafungua ya nane. Ilikuwepo, ndefu kidogo kuliko ya saba. Ya tisa, ndefu zaidi. Alipozipanga zote arobaini na nne akazisikiliza kwa mfululizo, bila uzi, pumzi tupu, zikaungana zikawa pumzi moja ya mtu mmoja, kama ya mtu aliyeibuka kutoka chini ya maji. Akavua hedifoni. Chumba kilikuwa kimetulia kupita kiasi, na ilimchukua muda kutambua kwamba haisikii saa ya ukutani, ingawa mshale wake ulikuwa unatembea.

"Nimechoka tu," akajiambia, akazikata zile pumzi kwenye kila faili, akahifadhi.

Ndani ya nyumba ile waliishi wanne. Mumewe alikuwa dereva wa malori ya masafa marefu, na mwezi huo alikuwa njiani. Waliobaki ni yeye, binti yake wa miaka saba, ambaye kwa kuongea kwake bila kituo waliishia kumwita Kasuku, na mama yake mzazi. Mama alikuwa kiziwi. Homa kali ilimpokonya masikio miaka kumi na moja iliyopita. Alijifunza kusoma midomo, na kuongea aliendelea kuongea, kwa sauti kubwa iliyonyooka kama ubao, lakini sauti ya mjukuu wake hakuwahi kuisikia hata siku moja.

Siku iliyofuata, saa nane mchana, mama alikuwa amekaa kizingitini mwa studio akikunja nguo. Masikio alikuwa amempa mgongo, anakijaribu kinanda. Akabonyeza kitufe kimoja katikati, akakishikilia.

Nguo zikaanguka sakafuni.

"Nani anapiga fidla?" mama akauliza.

Masikio aligeuka taratibu, akadhani amesikia vibaya. Mama alikuwa amesimama, mkono kifuani, macho yamemtoka. Masikio akabonyeza tena. Mama akatikisa kichwa: ndiyo. Akabonyeza nyingine, ya juu. Mama akacheka kicheko ambacho nyumba ile haikuwa imekisikia kwa miaka.

Kasuku akaja mbio. "Bibi amepona? Bibi, unanisikia? Nisikie basi!"

Mama alimtazama midomo, furaha ikapungua usoni. "Wewe bado, mjukuu wangu. Nasikia hicho tu."

Walijaribu kila kitu. Masikio alipiga makofi nyuma ya kisogo chake, akagonga sufuria, akamtuma Kasuku apige kelele chumba cha pili. Hakuna. Alidhani labda ni mtikisiko wa meza, akakibeba kinanda akakiweka juu ya godoro, akapunguza sauti mpaka yeye mwenyewe, na masikio yake yote, akawa anaisikia kwa taabu. Mama, aliyekuwa jikoni akiosha vyombo, alikuwa akifuatisha noti kwa kichwa.

Masikio alilia kwa furaha siku hiyo. Hakumwambia mtu yeyote kwamba pumzi alizozikata zilikuwa zimerudi.

Mteja wa kazi ile alikuwa mpiga kinanda wa kikundi cha harusi, kijana mcheshi aliyeitwa Vidole. Alikuja Jumanne kuonja. Alikaa, akabonyeza. Akapiga dakika tano, kumi. Simu yake ikaita mfukoni. Haikukatisha kupiga kwake. Ikaita tena, ikaita mara ya tatu, na Kasuku akacheka akisema, "Shangazi yangu akipiga hivyo huwa ana ugomvi." Vidole hakuinua kichwa.

Masikio alimgusa bega. "Simu yako imeita mara tatu."

"Simu gani? Haijaita." Akaitoa, akaitazama, paji la uso likakunjamana. Kisha akairudisha mfukoni kana kwamba si yake. "Dada Masikio, nimalizie hii sauti. Naitaka kwa shughuli ya Jumamosi. Au nipe kama ilivyo, sasa hivi."

"Bado ina kasoro."

"Haina kasoro." Alisema hivyo akiwa anatazama vitufe. Utani wote ulikuwa umemtoka, na ilibidi Masikio azime kinanda ndipo akasimama.

Jioni ile, jua likiwa bado halijazama, Masikio alitoka bafuni akasikia mama yake akiongea. Aliongea chini, kwa mnong'ono, na hilo ndilo lililomsimamisha pale ukumbini, kwa sababu kiziwi yule hakuwa na mnong'ono, hakujua tena sauti yake ni kubwa au ndogo, miaka kumi na moja alikuwa akiongea kama anayeita mtu ng'ambo ya barabara. Akachungulia. Mama alikuwa ameinama, ameweka shavu juu ya vitufe kama mtu anayelala kwenye bega la mwenzake. Kinanda kilikuwa kimezimwa. Waya wake ulikuwa sakafuni.

"Ndiyo, nakusikia," mama alinong'ona. "Hapana. Hajajua bado."

Masikio aliingia, akamwinua uso. "Mama, unaongea na nani?"

Mama akamsoma midomo, na uso wake ukafungwa kama dirisha. "Na nani tena? Najiongelesha mwenyewe." Sauti ilikuwa imerudi ile kubwa, ya ubao.

Masikio akafunga studio kwa ufunguo. Lakini kesho yake asubuhi, yeye ndiye aliyefungua. Alijiambia anaingia kuzikagua zile pumzi tu, dakika kumi. Alikuwa amefungulia bomba la kujaza tangi la maji uani, lile la kuchimbiwa chini, alilolisugua jana yake na kuliacha wazi likauke, na Kasuku alikuwa anacheza karibu ya mlango. Dakika kumi, kisha atafunga mfuniko.

Alibonyeza sauti ya kwanza, na ya pili, na fidla ikaanza kumjia si kama kitu kinachotoka kwenye spika bali kama kitu kilichokuwa ndani ya kichwa chake tangu zamani kikisubiri nafasi, na kila ilipolia kitu kingine kilinyamaza, kwanza feni, kisha magari ya barabarani, kisha pumzi zake mwenyewe, mpaka dunia yote ikabaki uzi mmoja mwembamba unaolia na yeye ananing'inia juu yake, na hakutamani kushuka. Hakuona mlango ukifunguliwa. Aliona kivuli juu ya vitufe, akainua macho, akamkuta jirani yao mshonaji amesimama mbele yake, amelowa hadi kifuani, sindano bado zimechomekwa kwenye kola, na mikononi mwake amembeba Kasuku anayetiririka maji.

Mdomo wa mshonaji ulikuwa unafunguka na kufungika. Masikio hakusikia neno. Mshonaji alimzaba kibao, na hapo sauti ikaingia.

"...una wazimu wewe? Mtoto yuko kwenye tangi anapiga mayowe, mimi niko nyuma ya ukuta na cherehani inanguruma nimemsikia, wewe uko hatua tano! Hatua tano! Maji yamemfika shingoni!"

Kandambili ya mtoto ilikuwa imetumbukia. Kasuku alishuka kuifuata maji yakiwa ya magoti, akashindwa kupanda. Kucha zake zilikuwa zimekatika kwa kuparura saruji.

"Mama," alisema, na sauti yake ilikuwa imekauka kabisa, "nilikuita. Nikamwita na bibi. Nilijua bibi hasikii, lakini nilimwita."

Masikio alimkumbatia, lakini hata hapo, sikio likiwa juu ya kinywa cha binti yake, alimsikia kwa mbali, kama mtu anayeongea chini ya blanketi.

Alimwacha Kasuku kwa mshonaji, akaenda moja kwa moja kwa mjane. Hakubisha hodi mara mbili.

"Mama, nini kimo ndani ya ile fidla?"

Mjane alitazama kucha zake, kisha ukuta. "Ameumia nani?"

"Mwanangu. Nusura afe. Nilikuwa karibu yake, sikumsikia."

Mjane alikaa chini kwa uzito. "Alianza na saa ya ukutani," alisema polepole. "Mume wangu. Aliacha kusikia saa. Kisha jogoo, kisha watoto wa shule. Kisha mimi. Nilikuwa namwita chakula kikapoa. Lakini ukigusa ile fidla chumba cha tatu, anageuka. Siku aliyokufa, lori lilikuwa linarudi nyuma. Dereva alipiga honi mpaka watu wakatoka madukani. Wote walimpigia kelele. Yeye alikuwa anatabasamu, kidole kinacheza hewani, hivi." Akaonyesha. "Lori likampitia anatabasamu."

"Na ukaniletea mimi! Hukuniambia!"

"Ningekwambia nini, mwanangu? Kwamba mume wangu ameuawa na fidla? Kuichoma niliogopa, nilidhani kitatoka kiniingie mimi. Nikasikia kuna fundi anayetoa sauti kwenye vyombo akazitia kwenye mitambo. Nikasema basi, atazitoa, nayo itabaki mbao." Alianza kulia. "Nilifikiri kwenye mtambo kinakufa."

Mganga waliyeelekezwa na mshonaji hakuwa na kibuyu wala hirizi. Alikuwa mama mnene mwenye mafua, anayeuza miwani kwenye kichumba karibu na hospitali, ukutani kuna bango la herufi kubwa na ndogo. Alimsikiliza Masikio huku anapenga kamasi, na kadiri alivyosikiliza ndivyo leso ilivyosahaulika mkononi.

"Ndani ya mbao alikuwa mmoja, amekaa mahali pamoja," alisema. "Jini wa namna hii hatafuti damu. Anatafuta wa kumsikiliza yeye peke yake, basi. Sasa wewe umemkata vipande arobaini na vinne, kila kipande ukakipa mdomo wake. Umempa mtu mwingine hayo mafaili?"

"Bado. Kuna mpiga kinanda anayataka Jumamosi."

"Leo ni Jumatano. Una bahati kuliko unavyojua." Akaanza kufunga madirisha. "Mama yako anamsikia vizuri kuliko nyote?"

"Hasikii kingine."

"Basi kazi ni ya mama yako, si yangu. Nitakufundisha. Kila sauti uiache ilie mpaka iishe, mama yako aikatae kwa mdomo wake, ndipo ufute. Ukifuta wakati kuna anayemtaka, atahamia ndani ya huyo huyo, na huko hakuna kitufe cha kufuta."

Mama alikataa. Alisimama mbele ya mlango wa studio, mikono ameitanua.

"Miaka kumi na moja!" alipaza sauti. "Mnakaa mnacheka, mimi natazama meno yenu. Unajua ukimya wa miaka kumi na moja wewe? Ananiimbia. Ananijua jina. Hakuna mtu wa nyumba hii aliyeniambia neno likanifikia, ila yeye!"

Masikio alikwenda kwa mshonaji akamleta Kasuku. Mtoto alimnyooshea bibi yake vidole kumi vilivyofungwa bendeji. Mama akaishika ile mikono, akaigeuza, akaitazama upande huu na huu.

"Aliniita?" aliuliza.

Masikio akatikisa kichwa: ndiyo.

"Nilikuwa jikoni," mama alisema. "Alikuwa ananiimbia. Na alijua. Alisikia mtoto anazama, akaniimbia."

Akaondoka mlangoni.

Walianza saa sita kamili, jua likiwa utosini, madirisha yote wazi. Kasuku alirudishwa kwa jirani. Mganga alijiziba masikio kwa pamba, akakaa nyuma yao akisoma maneno yake kwa sauti ya chini. Masikio alibonyeza ya kwanza, ikalia, ikaisha.

"Sikutaki," mama alisema.

Masikio akafuta.

Kumi za kwanza zilikwenda. Kwenye ya kumi na tano harufu ikaanza, ya nywele za farasi, zile za upinde wa fidla, zilizoungua na jasho la mtu mgeni. Kwenye ya ishirini mwanga ulikuwa ule ule wa mchana lakini joto halikuwemo tena ndani yake, na mikono ya Masikio ilisimama vinyweleo. Alipofika ya thelathini alikuwa haisikii tena sauti ya mganga, akigeuka anaona midomo tu, na fidla ilikuwa haisubiri kubonyezwa, ilikuwa inalia kabla kidole hakijafika, zile chache zilizobaki zikibeba kilio cha zile zilizofutwa, zikipaa, zikibembeleza, zikimwita mama kwa jina lake la utotoni ambalo hata Masikio hakulijua, na mama, machozi yakimtiririka hadi kidevuni, akisema kila mara, kila mara kwa taabu zaidi, kama anayetapika mawe, "Sikutaki. Sikutaki. Sikutaki."

Likabaki faili moja.

Masikio akabonyeza. Haikulia fidla.

"Bibi!" kinanda kilisema. "Bibi, maji yananifika! Bibi!"

Ilikuwa sauti ya Kasuku, kila kitu chake, hata kile kigugumizi kidogo anachopata akiogopa. Kidole cha Masikio kiliganda. Alitaka kukiinua akashindwa.

Mama hakujua sauti anayoisikia ni ya nani. Alimtazama binti yake, uso wake umejaa swali, na taratibu, kwa kuona tu jinsi Masikio alivyopauka, akaelewa.

"Ndiyo yeye?" aliuliza. "Ndivyo alivyo?"

Masikio hakuweza kumdanganya. Akatikisa kichwa: ndiyo.

"Bibi," ile sauti ikasema tena, na safari hii haikuwa inalia. Ilikuwa inacheka, laini, karibu, kama mtoto aliyepanda kitandani asubuhi. "Bibi, nitakuwa naongea na wewe kila siku. Kila siku, bibi. Niambie tu nikae."

Mama alifumba macho. Mganga alisimama. Masikio aliona midomo ya mganga ikisema jambo kwa haraka, mkono umenyooshwa kuelekea kompyuta, lakini hakuna aliyeweza kufanya lolote, kwa sababu neno lilikuwa la mwanamke mmoja tu, naye alikuwa anasikiliza.

Akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akafumbua macho.

"Ni nzuri kuliko nilivyoiwaza," alisema. "Lakini si yako. Uliiokota mtoto akizama. Sikutaki. Toka."

Na kwa kuwa mkono wa binti yake ulikuwa bado umeganda, na yeye alikuwa ametazama ikifanywa mara arobaini na tatu, akanyoosha kidole akafuta mwenyewe.

Sauti za dunia zilimrudia Masikio zote kwa pamoja: feni, cherehani, pikipiki, kuku wa mtu, mganga akipiga chafya. Zilimwingia kwa kishindo akajiziba masikio na kupiga magoti. Mama yake hakugeuza kichwa kwa lolote kati ya hayo. Alikuwa anatandaza mfuniko wa kitambaa juu ya kinanda, kwa makini, kama anayemfunika maiti.

Mjane alikuja kuchukua fidla yake, akaipiga konzi ubavuni mara mbili, akaisikiliza, akasema ahsante. Vidole alikuja Jumamosi asubuhi akiwa na hasira, akaambiwa kazi imeharibika, akasimama kidogo, akapumua, akasema hata yeye hajui alikuwa anaitakia nini. Alichukua sauti za tarumbeta badala yake.

Ingekuwa vizuri mambo yaishie hapo. Lakini wiki ya pili, Kasuku, sauti imeshapona, alikuwa anaimba uani huku anaanika soksi zake. Masikio alimsikiliza kutoka dirishani akitabasamu. Katikati ya wimbo sauti ikakatika. Midomo ya mtoto ilikuwa inaendelea. Kisha sauti ikarudi, akaimba, na alipofika pale pale ikakatika tena.

Masikio alikwenda kwenye kinanda, akajaribu vitufe kimoja kimoja. Vyote vililia isipokuwa kimoja. Alimwita mshonaji akambonyezea, na mshonaji akasema kinalia vizuri, una nini leo?

Mwezi uliofuata vilikuwa viwili.

Mganga alikuja, akakagua kinanda, kompyuta, pembe zote za nyumba, akasema hakuna kitu humu. Alisema hivyo akiyatazama masikio ya Masikio, kisha akatazama pembeni. Mume wa Masikio amerudi safari na hajaambiwa. Siku hizi, mchana, Kasuku akiwa shule, Masikio na mama yake hukaa sebuleni wakitazamana, mama anaongea bila kutoa sauti, polepole, neno kwa neno, na binti anajifunza kusoma midomo. Mama hajamuuliza kwa nini.